Uyoga wenye akili: 'umesema' au 'amesema'?

Tuseme umekabidhiwa hadithi ya Kiingereza uifasiri kwa Kiswahili. Wahusika wake ni uyoga kutoka sayari nyingine. Una akili kuliko binadamu, unachimba madini, unafanya upasuaji na unazungumza. Utaandika 'uyoga umesema' au 'uyoga amesema'? Tazama kwamba katika maelezo haya mafupi tayari nimechagua upande, kwa sababu kitenzi cha Kiswahili hakiniachi nipite bila kiambishi.

Hadithi ya aina hiyo ipo. Mmarekani H. P. Lovecraft aliichapisha mwaka wa 1931 katika jarida la Weird Tales kwa jina The Whisperer in Darkness. Wageni wake wanatoka Yuggoth, ambayo hadithi yenyewe inaihusisha na Pluto, iliyogunduliwa mwaka wa 1930. Wana mabawa na makucha kama ya kaa, lakini miili yao ni kuvu. Wao kwa wao hupashana habari kwa fikra. Wakitaka kusema na mtu, huiga sauti yake kwa mvumo kama wa nyuki. Kibaya zaidi, huutoa ubongo wa mtu wakautia ndani ya mkebe wa chuma ili wausafirishe angani.

Mwandishi wa Kiingereza ana kichaka cha kujifichia. Katika wingi, neno lake 'they' ni la watu, la mawe na la viatu. Sisi hatuna kichaka hicho. Ni 'walisema', 'vilisema', 'ulisema' au 'zilisema', na kila kimojawapo kinamwambia msomaji unamchukuliaje huyo msemaji.

Sasa, shuleni tunafundisha eti A-WA ni ngeli ya vyenye uhai. Mti je? Mti una uhai, hula, huzaa na hufa, lakini tunasema 'mti umeanguka'. Basi tunaongeza sharti: vyenye uhai na uwezo wa kwenda. Hapo samaki wa kukaanga anatucheka sahanini. Hana uhai wala mwendo, na bado 'samaki huyu ametiwa chumvi nyingi'. Mizimu nayo ina akili, huadhibu na huombwa radhi, lakini 'mizimu imekasirika'. Jini, jirani yake wa karibu, 'amekasirika'. Roho ya mtu 'imetulia', ila Roho Mtakatifu 'alishuka'. Maiti ndiye hutugawa kabisa: wapo wasemao 'imezikwa' na wapo wasemao 'amezikwa'.

Hoja yangu ni kwamba A-WA si daftari la elimu ya viumbe. Kwa wanyama, mazoea yalikwisha kuamua zamani. Pembezoni, mahali ambapo mazoea hayajafika, msemaji mwenyewe huamua kama anamhesabu mhusika kuwa nafsi. Msimulizi wa ngano analijua hili bila kufundishwa. Mbuyu wa kando ya njia 'umeanguka', lakini akishamwita Mzee Mbuyu, mara 'akacheka', wala hakuna mtoto anayelalamika. Mwalimu anayelikata hilo kwa kalamu nyekundu katika insha ya mwanafunzi anakata fasihi, si kosa.

Ningeifasiri hadithi ya Lovecraft, nisingeshika upatanisho mmoja mwanzo hadi mwisho. Inaanza na mafuriko ya Vermont ya mwaka wa 1927, watu wakidai wameona miili ya ajabu mitoni. Hapo ningeandika 'vitu vilivyoelea'. Baadaye sauti inaposikika gizani, ningeandika 'walisema'. Badiliko hilo la vi- kuwa wa- lingemtia msomaji baridi kuliko vivumishi vyote vya Lovecraft, ambavyo, kusema kweli, ni vingi mno.

Na kuvu wa duniani? Mwaka wa 2022 Andrew Adamatzky wa Bristol, Uingereza, alichapisha utafiti kuhusu mapigo ya umeme katika aina nne za uyoga. Aliyapanga kwa makundi akayaita 'maneno', yapatayo 50, na akaona urefu wake unakaribiana na wa maneno ya lugha za binadamu. Mimi hapo nasita. Urefu si maana, na lugha bila maana ni kelele tu.

Kinachonisumbua zaidi ni hesabu. Katika msitu wa Malheur, jimbo la Oregon, Marekani, kuna kuvu wa jamii ya Armillaria aliyetandaa chini ya ardhi katika eneo la hekta 965 hivi, naye anakadiriwa kuwa na zaidi ya miaka 2,000. Uyoga unaochomoza juu ni matunda yake. Mwenyewe ni nyuzi zilizo udongoni. Angesema 'nimechoka' au 'tumechoka'? Ungemwamkia 'hujambo' au 'hamjambo'? Heshima ya A-WA ina gharama: inakulazimisha useme kama ni mmoja au wengi. Kiambishi u- cha uyoga, kama wengi wetu tunavyousema, hakikulazimishi.

Kwa hiyo wageni wa Lovecraft, wanaoruka mmoja mmoja kwa mabawa yao, nitawaandikia 'walisema'. Ule wa Oregon, ukianza kusema kesho, nitauandikia 'umesema', na si kwa kuudharau.