Amisse ni Hamisi: namna ya kujua asili ya jina la mtoto wako

Ukitafuta kwenye simu maana ya jina Amisse, huenda usipate jibu. Litamke kwa sauti. Ni Hamisi, jina la Kiarabu linalotokana na siku ya Alhamisi.

Hapa pwani ya Palma na Mocímboa da Praia majina yetu mengi yalikuja na Uislamu, kisha makarani wakayaandika Kireno. Kireno hakitamki h, kwa hiyo Hasani akawa Assane. S moja kati ya vokali husomwa z, ndiyo sababu huandikwa mbili. Sauti ya sh huandikwa x au ch: Chabane ni Shabani, mwezi wa 8 wa Kiislamu. Bacar ni Bakari. Momade ni Muhammad, yaani asifiwaye.

Orodha za mtandaoni zichukue kwa tahadhari. Aisha huitwa jina la Kiswahili, kumbe ni Kiarabu, mzizi mmoja na neno letu "maisha". Mwanahamisi ndilo lenye sehemu ya kwetu: "mwana" limeungwa na Hamisi. Kwa jina la Kimakonde au Kimakua, muulize mzee aliyekulia katika lugha hiyo, halafu muulize mwingine asiyekaa naye. Jina linalotaja tukio la ukoo, simu haiwezi kulijua.

Kwa nini ujisumbue? Baada ya shambulio la Palma la tarehe 24 Machi 2021, wengi walikimbia bila karatasi, na baadhi walielekea Mtwara, ambako majina huandikwa Kiswahili. Mtoto aliyeandikwa Chabane upande mmoja na Shabani upande wa pili, kwenye makaratasi ni watu wawili. Shule inaweza kumkataa, na ndugu wanaomtafuta wanaweza kumpita.

Kwa hiyo kabla ya kwenda kumwandikisha, andika jina kwenye karatasi na umpe karani. Kama cheti cha baba kina Chabane, mfuate baba, hata kama Shabani iko karibu zaidi na Kiarabu. Maana ya jina haipotei kwa herufi. Soma kila herufi kabla hujaondoka dirishani. Hujui kusoma? Nenda na anayejua. Ukikuta kosa baadaye, usifute wala kuandika juu yake kwa mkono wako. Peleka cheti kwenye ofisi ya registo civil, pamoja na karatasi ya mzazi, uombe kisahihishwe.