Waigizaji wa Pembeni na Shule Yao ya Kawempe

Mwaka 2005 Kevin Macdonald alipokuwa akipiga filamu ya The Last King of Scotland nchini Uganda, Hospitali ya Mulago, iliyomo katika tarafa ya Kawempe jijini Kampala, ilikuwa moja ya mandhari zake. Forest Whitaker alicheza Idi Amin, na mwaka 2007 akatwaa tuzo ya Oscar. Yaliyoandikwa juu yake ni mengi. Mimi namtaka Masanga, mlinzi wa Amin, aliyechezwa na Abby Mukiibi wa Kampala.

Masanga hasemi mengi, lakini akiingia chumbani mtazamaji anajua kwamba usalama umekwisha. Hiyo ndiyo kazi ya mwigizaji msaidizi, na ni ngumu kuliko inavyoonekana. Nyota ana saa mbili za kutufahamisha yeye ni nani. Msaidizi ana dakika chache, na ndani yake lazima tuamini kwamba mtu huyu alikuwa na maisha kabla kamera haijamfikia. Akizidisha, anaharibu onyesho la mwenzake na mhariri atamkata. Akipunguza, hakuna atakayemkumbuka.

Ustadi huo una chimbuko lake. Chuo Kikuu cha Makerere, nacho kikiwa Kawempe, kilikuwa na kundi la wanafunzi lililozunguka na michezo yake katikati ya miaka ya 1960, likiigiza kwa lugha kadhaa, Kiswahili kikiwemo. Mwaka 1971 ikaanzishwa idara ya muziki, dansi na drama. Nje ya chuo, jukwaa la Kiluganda lilikuwa shule ya pili. Mukiibi ni mmoja wa waanzilishi wa kundi la Afri Talent, na amefanya kazi miaka mingi katika CBS, redio ya ufalme wa Buganda. Jukwaani mwigizaji hujifunza kuwashika watu walioketi mstari wa nyuma kabisa. Redioni hujifunza kumjenga mtu kwa sauti peke yake. Kamera humlazimisha apunguze vyote viwili, abakize macho na pumzi. Aliyepita kote huko huwa na akiba kubwa ya kuchota.

Kwa hiyo sishangai kumwona Mukiibi tena katika The Mercy of the Jungle ya Joel Karekezi, filamu ya vita vya Kongo iliyopigwa Uganda na kushinda tuzo kuu ya tamasha la filamu la FESPACO mwaka 2019. Yumo pia Michael Wawuyo, Mganda mwingine ambaye mwongozaji akimpa nafasi ndogo hana haja ya kuhangaika nayo.

Uganda haiko peke yake: Wajerumani nao wana waigizaji wa aina hii kwa wingi, na sababu yake si damu. Miji yao ina majumba ya maigizo yanayosaidiwa na fedha za umma, yenye waigizaji wa mkataba. Tangu 1970 wana Tatort, tamthilia ya upelelezi ya Jumapili usiku. Kila kisa kipya kinahitaji mashahidi, washukiwa na majirani, na hao wote ni kazi kwa watu wa pembeni. Matthias Habich alikulia jukwaani, kisha filamu na televisheni zikamchukua. Katika Nirgendwo in Afrika ya mwaka 2001, iliyopigwa Kenya, alicheza pamoja na Mkenya Sidede Onyulo, aliyekuwa mpishi Owuor. Wawili hao wanalingana kabisa kwa ustadi. Tofauti yao ni kwamba Habich alikuwa na pa kurudi kufanya kazi kwao kamera zikishafungwa.

Kampala msaidizi hungoja filamu ya wageni, ambayo mara nyingi huja na nyota wake mkononi. Katikati hapo anaishi kwa redio na maonyesho ya mwisho wa wiki. Na redio yenyewe si ya kutegemea sana: serikali iliifunga CBS Septemba 2009, ikafunguliwa Oktoba 2010.

Wenye vituo vya televisheni vya Kampala, ombi langu ni hili: agizeni tamthilia moja ya kila wiki, yenye kisa kipya na wageni wapya kila mara, na muwalipe wageni hao vizuri. Waigizaji wapo tayari, na wengi wao wamefunzwa hapo hapo Makerere.