Je, Wajua? Damu ya Sinema ya Wakaliga

Je, wajua kwamba Isaac Nabwana, Mganda anayetengeneza filamu za risasi na damu katika mtaa wa Wakaliga, Kampala, aliwahi kufyatua matofali ili apate pesa za kamera? Kampuni yake, Ramon Film Productions, ilianza 2005. Jina hilo limetokana na nyanya zake wawili, Rachael na Monica.

Wajua kwamba alianza kazi hii kabla hajakanyaga ukumbi wa sinema? Utotoni, kaka yake ndiye aliyekwenda kutazama, kisha akarudi kumsimulia.

Na damu je? Hapa ndipo penye utamu. Mwanzoni ilikuwa damu ya ng'ombe. Mwigizaji mmoja akaugua, ikabidi watumie rangi ya chakula. Rangi hiyo hutiwa ndani ya kondomu za bure za zahanati, zikafichwa kifuani chini ya shati. Bunduki ikilia, uzi unavutwa, kondomu inapasuka, shati linalowa chepechepe.

Bunduki zenyewe ni kazi ya Dauda Bisaso, anayeziunda kwa vyuma chakavu na vipuri vya magari. Fundi wa jua kali hapa Kamenu, Thika, akiziona hatashangaa. Atauliza tu jamaa alilipwa ngapi.

Wajua kwamba Who Killed Captain Alex? ya 2010 inasemekana iligharimu chini ya dola 200? Hizo ni kama shilingi 26,000 za Kenya, pesa ambazo kamati ya harusi Thika huzimaliza kwenye soda.

Nakala ya kwanza ya filamu hiyo haipo tena. Kompyuta ilijaa, Nabwana akaifuta ili apate nafasi ya filamu nyingine. Iliyobaki ni ile yenye sauti ya VJ Emmie, anayetania na kushangilia juu ya maneno ya waigizaji tangu mwanzo hadi mwisho. Wageni wengine hudhani ni mzaha tu. Waliokua wakimsikiliza DJ Afro, msimulizi wa filamu wa Kenya, kwenye vibanda vya video hawahitaji kuelezwa. Kwa maoni yangu, bila Emmie filamu ingepoteza nusu ya ladha.

Wajua waigizaji ndio waliokuwa wachuuzi? Walibisha hodi nyumba kwa nyumba na DVD mkononi, na nusu ya bei ilikuwa yao.

Mwaka 2016, Bad Black, filamu nyingine ya Nabwana, ilifika tamasha la Fantastic Fest, Austin, Texas, na watazamaji wakaipa tuzo. Mwaka 2019, Crazy World yake ikaonyeshwa Toronto, usiku wa manane.

 

Na je, Kapteni Alex wa filamu ile ya 2010 aliuawa na nani? Filamu inakwisha bila kumtaja muuaji.