Je, Wajua? Nyoka Huenda Wapi Mwezi wa Saba

Asubuhi ya mwezi wa saba mjini Likasi, watu wamezunguka mbabula, mama amejifunga kitenge juu ya sweta, na njiani haonekani nyoka hata mmoja. Hawajahama. Wako chini ya miguu yetu.

Je, wajua kwamba baridi ya Likasi inatosha kumlaza nyoka? Mji wetu uko zaidi ya mita 1,200 juu ya usawa wa bahari. Mwezi wa sita na wa saba, usiku joto huweza kushuka chini ya nyuzi 10, kisha mchana jua likalipandisha hadi 25 hivi. Kwa hiyo nyoka wa hapa halali kipupwe kizima mfululizo: siku za baridi kali hujificha, jua likiwaka hutoka kuliota, jioni hurudi shimoni.

Je, wajua kwamba damu ya nyoka si baridi? Hufuata joto la mahali alipo. Akiota jua, huwa na joto kama yetu. Usiku hupoa pamoja na ardhi. Mwili ukipoa, moyo hupiga polepole, pumzi huwa chache, njaa hutoweka.

Je, wajua kwamba shibe inaweza kumuua? Tumbo la nyoka husaga kwa msaada wa joto. Panya aliyemezwa wakati wa baridi huweza kuoza kabla ya kusagwa. Ndiyo maana nyoka wa nchi za baridi huacha kula kabla ya kujificha, wakaishi kwa mafuta waliyojiwekea mwilini.

Je, wajua kwamba kichuguu ni ngome dhidi ya baridi? Vichuguu vya mchwa wa Katanga, aina ya Macrotermes falciger, huweza kufika urefu wa mita 8, na vitako vyake upana wa mita 15 hivi. Lundo la udongo la namna hiyo halipoi kwa usiku mmoja. Muhanga na panya wakishatoboa, nyoka hupata mlango bila kuchimba.

Je, wajua umri wa ngome hizo? Mwaka 2015 watafiti walichapisha vipimo vya vichuguu vilivyohamwa karibu na Lubumbashi. Kimoja kilikuwa na zaidi ya miaka 2,000: mchwa walianza kukijenga kabla ya Yesu kuzaliwa.

Je, wajua kwamba chatu jike hubeba jua hadi shimoni? Utafiti wa Afrika Kusini uliochapishwa mwaka 2018 ulionyesha kwamba akiatamia hugeuka mweusi, huota jua hadi mwili ukaribie nyuzi 40, kisha hurudi kuyazungushia mayai mwili wenye moto. Watoto wakianguliwa, hukaa nao wiki mbili hivi. Muda wote huo hali kitu.

Je, wajua kwamba kifutu hatagi mayai nje? Huyabeba tumboni, akazaa watoto walio hai. Mayai yaliyozikwa hayawezi kufuata jua, mama anaweza. Kifutu mmoja mwenye asili ya Kenya, aliyefugwa katika bustani ya wanyama nchini Cheki, alizaa watoto 156 kwa mkupuo mmoja.

Je, wajua nyoka wa Kanada hufanyaje? Huko Narcisse, jimbo la Manitoba, baridi hupita nyuzi 30 chini ya sifuri. Makumi ya maelfu ya nyoka wadogo wenye mistari hujazana katika nyufa za mawe ya chokaa, chini zaidi ya pale udongo unapoganda. Hukaa humo miezi kadhaa bila kula, na hutoka mwezi wa nne na wa tano, madume yakitangulia kuwasubiri majike mlangoni.

Je, wajua kwamba shimo ndilo uhai wenyewe? Mwaka 1999 maelfu kwa maelfu ya nyoka wa Narcisse walikufa kwa baridi kabla ya kufika mashimoni. Wengine walikuwa wakikanyagwa na magari wakielekea mashimoni, hata zikajengwa njia za kuwapitisha chini ya barabara.

Je, wajua nani hukutana na nyoka aliyelala hapa kwetu? Mfyatua matofali. Udongo wa kichuguu ni mzuri kwa matofali, na kiangazi ndicho kipindi cha kufyatua. Sululu itangulie, mkono usiingie tunduni.

Je, wajua kwamba baridi haipunguzi sumu? Hupunguza mwendo tu. Kifutu, hata wakati wa joto, hutegemea kutulia. Ndiyo maana hukanyagwa.

Je, wajua kwamba lile jiwe jeusi linalobandikwa kwenye jeraha la nyoka ni mfupa wa ng'ombe uliochomwa? Halinyonyi sumu. Usichanje, usifunge kamba. Tuliza kiungo kilichoumwa, mkimbize mgonjwa hospitali. Mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani liliingiza kuumwa na nyoka kwenye orodha ya magonjwa ya kitropiki yaliyosahauliwa.

Je, wajua kengele ya kuwaamsha nyoka? Ni mvua za kwanza. Kumbikumbi huruka, vyura na panya huwafuata, nyoka huwafuata vyura na panya. Jioni ya kwanza utakayoona mbawa zimejaa chini ya taa, usiende choo cha uani bila tochi.