Sinema ya Afya Kutoka Milima ya Usambara

Mwaka 1891, mjini Paris, Georges Demenÿ alijipiga picha mfululizo akitamka maneno machache ya Kifaransa. Alikusudia viziwi wajifunze kusema kwa kutazama mwendo wa midomo. Hivyo, tangu mapema, picha ya mtu anayesema ilikusudiwa kumsaidia mwenye shida ya afya.

Miaka 44 baadaye, majaribio ya sinema ya elimu yalifika jirani na Kerenge. Mwaka 1935, huko Vugiri, katika milima ya Usambara wilayani Korogwe, ulianzishwa mradi wa kuwatengenezea Waafrika filamu za mafunzo. Uliongozwa na Waingereza L. A. Notcutt na G. C. Latham, kwa fedha za Shirika la Carnegie la Marekani. Hadi ulipokoma mwaka 1937, ulikuwa umetengeneza filamu zipatazo 35, zikiwamo za safura na malaria ya watoto wachanga. Waigizaji walikuwa Waafrika.

Filamu zenyewe zilikuwa bubu. Sauti ilitoka kwenye santuri iliyochezwa sambamba na picha. Kulinganisha maneno na midomo kulikuwa kugumu, lakini kwa kubadilisha santuri tu, filamu ileile iliweza kuelezwa kwa Kiswahili au kwa lugha nyingine.

Enzi hizo wakoloni wengi waliamini kuwa Mwafrika hawezi kufuata picha zenye mambo mengi. Walikosea: kinachokosekana mara nyingi ni maelezo, wala si akili. Mnyoo wa safura una urefu wa takriban sentimita moja. Ukikuzwa ukajaa pazia la sinema, mtazamaji asiyeelezwa ana haki ya kudhani kwamba kwake haupo.

Safura ingalipo. Mabuu hupenya ngozi ya miguu peku kutoka udongo uliochafuliwa na kinyesi. Minyoo hunyonya damu utumboni, na watoto na wajawazito hupungukiwa damu. Leo simu ya mkononi yaweza kuonesha hayo yote. Mhudumu anayemwonesha mgonjwa video na asimamishe picha, ataje ukubwa halisi wa kilichokuzwa, kisha amwombe aeleze kwa maneno yake alichoelewa. Mgonjwa naye asione haya kuuliza. Santuri ya Vugiri haikuweza kusikia swali, mhudumu anaweza.