Jiwe la Mbwamwitu: Wolframaiti ni Nini, na kwa Nini Askari Alijue Jina Hilo?

Wahenga walisema: asiyejua maana haambiwi maana. Askari aliye zamuni, hata hivyo, hana ruhusa ya kujificha nyuma ya methali hiyo. Yeye hupaswa kuitafuta maana kabla ya kuambiwa, kwani penye kizuizi cha barabarani neno moja lililoandikwa katika hati ya mzigo laweza kuwa tofauti baina ya kutenda haki na kutenda dhuluma. Makala haya, ndugu wapiganaji na askari polisi, yanahusu neno moja la namna hiyo: wolframaiti.

Nilikuwa Luteni mpya, sijatimiza mwaka tangu nitoke shule ya makadeti, nilipopangiwa zamu katika kizuizi cha pamoja cha jeshi na polisi kusini-magharibi mwa Uganda. Amri tuliyopewa ilikuwa fupi: kila gari lililobeba madini ya bati, koltani, tungsteni au dhahabu lisimamishwe, na hati zake zote zikaguliwe. Usiku mmoja wa mvua likaja lori dogo. Magunia yalikuwa machache, nayo hayakujaa hata nusu, lakini springi za gari zilikuwa zimelala kabisa. Sajini mmoja wa polisi, mtu mzima aliyenizidi umri na uzoefu, aliniletea karatasi.

"Afande," aliniambia, "hapa wameandika wolframaiti. Imo katika amri?"

Niliisoma orodha kwa mwanga wa kurunzi, mara ya kwanza na ya pili. Neno hilo halikuwamo.

"Haimo, Sajini. Waache wapite."

Asubuhi, wakati wa chai, nilimsimulia afisa mmoja wa kikosi cha wahandisi. Aliweka kikombe chini akanitazama. "Luteni," alisema, "wolframaiti ndilo jiwe linalotoa tungsteni. Mlikuwa mkiitafuta, nanyi mkaifungulia njia."

Hadi leo sijui kama mzigo ule ulikuwa halali au haramu. Huenda ulikuwa jasho la wachimbaji waaminifu. Lakini sikuuruhusu kwa sababu ulikuwa safi; niliuruhusu kwa sababu sikujua jina lake. Hapo ndipo lilipo kosa, na tangu siku hiyo nimejitahidi kulisoma neno lile kwa undani.

ASILI YA JINA

Jina wolframu lilizaliwa miongoni mwa wachimbaji wa bati katika milima ya Saksonia, nchini Ujerumani, karne nyingi zilizopita. Watu hao walipoyeyusha mawe yao ili kupata bati, mara nyingine waliona ajabu: povu na takataka ziliongezeka tanuruni, na bati likapungua. Walipochunguza, waliona kwamba chanzo ni jiwe jeusi, zito, lililochanganyika na mawe ya bati. Wakasema kwamba jiwe hilo hulila bati kama mbwamwitu anavyokula kondoo. Katika Kijerumani "Wolf" ni mbwamwitu, na "Rahm" ni malai au povu. Mtaalamu Georgius Agricola, katika maandishi yake ya mwaka 1546, aliliita kwa Kilatini jina lenye maana ya povu la mbwamwitu. Jina lenyewe, basi, lilianza kama lawama. Jiwe lililotafutwa baadaye na majeshi ya dunia nzima lilikuwa kwanza adui wa mchimbaji.

Jina la pili, tungsteni, lina asili nyingine. Linatoka Sweden, nalo maana yake ni "jiwe zito". Wasweden walilitumia kwa jiwe tofauti, la rangi nyepesi, ambalo leo huitwa shilaiti kwa heshima ya mkemia Carl Wilhelm Scheele. Mwaka 1781 Scheele alipata katika jiwe hilo asidi ya madini mapya. Miaka miwili baadaye, mwaka 1783, ndugu wawili wa Hispania, Juan José na Fausto Elhuyar, waliokuwa katika mji wa Bergara, walipata asidi ileile katika jiwe jeusi la mbwamwitu, nao wakawa wa kwanza kuitenga metali yenyewe.

Hivyo metali moja ikapata majina mawili kutokana na mawe mawili. Waingereza na Wafaransa walishika jina la Kisweden. Wajerumani wakashika la mbwamwitu, na Wahispania vivyo hivyo. Alama yake katika kemia ni W, herufi ya wolframu, hata katika vitabu vya Kiingereza vinavyoiita tungsteni. Askari aonapo W katika cheti cha maabara asidhani ni kosa la mpiga chapa.

Hata wolframaiti lenyewe si jina la jiwe moja tu. Wataalamu hulitumia kwa jamii ya mawe yaliyo kati ya pande mbili: yenye chuma zaidi huitwa feberaiti, kwa kumbukumbu ya Mjerumani Moritz Rudolph Ferber, na yenye manganizi zaidi huitwa hubneraiti, kwa kumbukumbu ya Adolf Hübner. Katika ukanda wetu wa Maziwa Makuu iliyo nyingi ni feberaiti. Kwa hiyo mzigo uleule waweza kuandikwa wolframu, wolframaiti, feberaiti au tungsteni, na mwandishi asiwe amesema uongo.

KWA NINI INATAKIWA

Tungsteni huyeyuka kwenye joto la nyuzi 3,422 za Selsiasi, ambalo ni la juu kuliko la metali nyingine yoyote. Uzito wake ni mara 19 na zaidi ya ule wa maji, ilhali risasi nyeusi haifiki hata mara 12. Kwa sifa hizo metali hii iliingia katika nyuzi za balbu za umeme na katika vyuma vya kukatia vyuma vingine. Mwaka 1926 kampuni ya Krupp ya Ujerumani ilianza kuuza kabaidi ya tungsteni kwa jina la Widia, lililofupishwa kutoka maneno ya Kijerumani yenye maana ya "kama almasi". Mashine za viwandani zilizotumia ncha za namna hiyo zilichonga mizinga na injini kwa kasi isiyojulikana hapo kabla.

Katika Vita Kuu ya Pili Wajerumani walitengeneza pia risasi za mizinga zenye kiini cha kabaidi hiyo, ili kutoboa vifaru. Lakini Ujerumani haikuwa na jiwe la kutosha. Tegemeo lake kubwa likawa Ureno na Hispania, nchi ambazo hazikuingia vitani. Uingereza na Marekani nazo zilinunua wolframu huko kwa bei za juu, si kwa haja yao pekee, bali pia ili adui asiipate. Wakulima wa Ureno waliacha mashamba wakaenda kuchimba milimani, na magendo yakastawi. Mapema mwaka 1944 Hispania ilikatiwa mafuta na Mataifa ya Muungano hadi ikakubali kupunguza sana mauzo yake kwa Ujerumani. Mwezi Juni mwaka huohuo Ureno ilisimamisha mauzo yake yote. Kwa sababu ya uhaba, Wajerumani walilazimika kuzibana risasi zile na kuiweka metali kwa ajili ya mashine za viwanda. Mpiganaji na atafakari hapo: mzinga ulinyamaza kwa sababu ya jiwe lililozuiliwa mpakani, mamia ya maili kutoka uwanja wa vita.

Umuhimu huo haujaisha. China ndiyo mzalishaji mkubwa kupita wote, na mwezi Februari 2025 serikali yake iliweka masharti ya leseni kwa usafirishaji wa bidhaa za tungsteni nje ya nchi. Kila mlango mmoja unapobanwa, wanunuzi hugeukia milango mingine, na mmojawapo ni ukanda wetu.

KATIKA NCHI ZETU

Wolframaiti hupatikana kusini-magharibi mwa Uganda, katika milima ya Kigezi ya zamani. Hupatikana Rwanda, ambako migodi ya Nyakabingo na Gifurwe inajulikana sana. Na hupatikana Burundi na mashariki mwa Kongo. Kigezi imeingia hata katika daftari la madini la dunia. Mwaka 1972 wataalamu walitangaza madini mapya yenye tungsteni yaliyopatikana huko Mpororo, wakayaita mpororoaiti. Jina la ufalme wa kale wa wazee wetu sasa husomwa katika vyuo vya nchi za mbali.

Lakini jiwe hili limeleta pia machozi. Huko mashariki mwa Kongo makundi yenye silaha yamejipatia fedha kwa kutoza ushuru wachimbaji na wasafirishaji wa bati, koltani, wolframaiti na dhahabu. Ndiyo maana nchi za Maziwa Makuu, katika Azimio la Lusaka la tarehe 15 Desemba 2010, zilikubaliana kuwa na utaratibu wa vyeti vya kuonyesha asili ya madini hayo manne.

Sasa tuangalie majina. Sheria ya Marekani ya mwaka 2010 inayozitaka kampuni zieleze asili ya madini hayo hutaja wolframaiti, yaani jina la jiwe. Kanuni ya Umoja wa Ulaya ya mwaka 2017, iliyoanza kuwabana waagizaji tarehe 1 Januari 2021, hutaja tungsteni, yaani jina la metali, pamoja na mawe yake. Wanasheria wa pande mbili za bahari wamelenga kitu kimoja kwa maneno mawili. Askari ajuaye neno moja tu ameshika nusu ya amri.

KATIKA ZAMU

Yapo mambo machache ambayo askari yeyote aweza kuyaona kwa macho na mikono yake. La kwanza ni uzito. Kipande cha wolframaiti ni kizito karibu mara tatu kuliko kipande cha ukubwa uleule cha kwatzi, lile jiwe jeupe linaloandamana nacho migodini. Gunia dogo linalohitaji watu wawili kuliinua linastahili swali.

La pili ni ugumu. Wolframaiti, jiwe la bati na koltani yote yaweza kuwa meusi na mazito. Hata hivyo, ncha ya kisu kizuri hukwaruza wolframaiti, bali hushindwa kuyakwaruza hayo mengine mawili.

La tatu ni rangi ya unga. Ukilisugua jiwe juu ya upande wa kigae usiong'arishwa, wolframaiti huacha mstari wa kahawia iliyokoza au mweusi. Jiwe la bati huacha mstari mweupe au hafifu sana.

Dalili hizi zatosha kumfanya askari aulize. Hazitoshi kumfanya ahukumu. Hukumu ni ya maabara, ya afisa wa madini na ya mahakama. Sheria ya Uganda ya Madini ya mwaka 2022 inawatambua wachimbaji wadogo na kuwapa nafasi ya leseni. Mtu aliyebeba jiwe jeusi si mhalifu kwa sababu amelibeba. Wengi wao ni raia wanaotafuta karo za watoto. Kumzuia mtu huyo usiku kucha kwa kuwa jiwe lake lina jina geni ni dhuluma ileile ya kumwachia mwizi kwa kuwa jina halimo katika orodha. Zote mbili ni binti za ujinga mmoja.

Nashauri, basi, kwamba katika kila kizuizi karatasi ya amri iandikwe majina yote pamoja: tungsteni, wolframu, wolframaiti, feberaiti, hubneraiti, shilaiti, na ile herufi W. Kazi hiyo haizidi mstari mmoja wa wino.

Yule Sajini alistaafu zamani. Nilikutana naye mara moja baada ya usiku ule, nikamweleza maana ya neno alilonisomea. Alinyamaza kidogo, kisha akasema: "Afande, mimi niliuliza. Nawe ulijibu haraka." Sikuwa na neno la kumrudishia. Aliyekuwa chini yangu kwa cheo alitimiza wajibu wake kwa kuuliza. Mimi niliyepewa nyota begani nilipaswa kutafuta jibu kabla ya kulitoa.