Jogoo Mchanga Aliwe kwa Wakati Wake: Namna ya Kumwoka kwa Machungwa, Ndimu na Kitunguu Saumu

Mkulima mmoja wa upande wa Muheza, ambaye machungwa yake hushinda ya jirani zake wote, alinionyesha kuku wake siku moja. Walikuwa mitetea wanane, jogoo mkubwa mmoja, na majogoo wachanga saba waliotimiza miezi mitano. Nikamwuliza, "Mzee wangu, majogoo hawa saba ni wa nini?" Akajibu, "Nawangoja wanenepe mpaka sikukuu, Bwana Shamba." Nami sikusema neno zaidi, kwa kuwa mtu hujua mali yake.

Majuma matatu baadaye nikapita tena njia ile. Banda lilikuwa kimya. Mdondo ulikuwa umeingia kijijini, na katika siku nne wale kuku walikufa wote ila mtetea mmoja. Mzee aliwafukia kwa jembe lake mwenyewe. Wanawe walikuwa wamewachunga kuku wale tangu vifaranga, wala hawakuonja hata paja moja. Tangu siku ile naona vibaya kunyamaza, na ndiyo sababu ya waraka huu.

Kwanza, kinga

Mdondo, ambao wengine huuita kideri, hauna dawa ya kuuponya, lakini una chanjo ya kuuzuia. Kuku hutiwa tone moja jichoni, na kazi hiyo hurudiwa kila baada ya miezi 3 au 4. Mwulizeni Bwana Mifugo wa mahali penu, tena mchanje kuku wote wa kijiji kwa siku moja, kwa maana ugonjwa hauchagui banda. Na kuku aliyejifia au aonekanaye mgonjwa asiliwe kabisa. Afukiwe chini au achomwe moto.

Kisha fanyeni hesabu hii. Katika vifaranga 10 waanguliwao, kadiri ya 5 huwa ni majogoo. Jogoo mmoja awatosha mitetea 10. Basi hao wengine hawatagi, hawaangui, nao hula mtama na mahindi kila kukicha. Mkulima mwenye busara huchagua aliye bora kwa mbegu, huuza baadhi, na waliobaki huwala yeye na watoto wake wakiwa na miezi minne hadi sita, nyama ingali laini. Amngojaye jogoo mpaka mwaka mzima humlisha nafaka nyingi, apate nyama ngumu.

Kumjua jogoo mchanga si kazi. Shika ncha ya mfupa wa kidari kwa kidole: ikipindika, ni mchanga, ikiwa ngumu kama ukucha, amekwisha pevuka. Tazama na kipi, yaani ule mwiba wa mguuni: cha mchanga ni kifupi, nacho ni butu.

Siri ya ngozi ni ukavu

Sisi twajua kuchemsha kuku na kumtia nazi, na watu wa pwani wana kuku wao wa kupaka, ambaye ni chakula cha kusifiwa. Lakini kuku wa kuoka ana utamu wake wa peke yake: nyama yenye maji yake ndani, na ngozi nyekundu iliyokauka, ivunjikayo chini ya meno.

Mimi nalijifunza jambo hili kwa aibu. Mama mkwe wangu alipokuja kututembelea, nalitaka kumpa heshima kwa kuku wa kuoka. Nikamlowesha kuku katika maji ya ndimu tangu asubuhi, nikamtia katika sufuria yenye mfuniko wa kubana sana, nikampalia makaa. Alipotoka, ngozi yake ilikuwa nyeupe na laini kama ya kuku wa mchuzi, na nyama imekauka kama chaki. Mama alikula, akashukuru, lakini ngozi aliiweka kwa adabu pembeni mwa sahani. Mimi niliona.

Kosa langu lilikuwa maji. Mahindi mabichi yakitiwa ghalani huoza. Sharti yaanikwe kwanza. Ngozi ya kuku ni hivyo hivyo. Maji huchemka kwenye joto la digrii 100, na kitu kilicholowa hakipiti joto hilo mpaka maji yamekwisha. Rangi nyekundu na harufu ya kuokwa huja kwenye joto kubwa zaidi, kama digrii 140 na kupita. Kwa hiyo ngozi iliyolowa huchemka. Ngozi kavu huokwa. Nayo ndimu ikikaa saa nyingi juu ya nyama hubadili nyama kwa ukali wake, ikawa kama unga.

Basi shikeni kanuni moja: harufu ikae chini ya ngozi, ukavu ukae juu yake, na maji ya matunda yangoje mpaka mwisho.

Kunyonyoa bila kuirarua ngozi

Ngozi iliyoraruka hujikunja, nayo nyama iliyo chini yake hukauka. Watu wengi huirarua kwa kutumia maji yanayotokota. Changanyeni vipimo 5 vya maji yanayochemka na vipimo 4 vya maji baridi. Mtumbukizeni kuku aliyekwisha chinjwa na kutulia kabisa, mkimgeuza-geuza kwa muda wa dakika moja. Manyoya ya bawa yakitoka bila kuvutwa kwa nguvu, mtoeni, mmnyonyoe upesi.

Mtoeni matumbo kwa uangalifu, msipasue nyongo. Mkisha msafisha, mkateni kwa kisu kikali kandokando ya uti wa mgongo, pande zote mbili, mkautoe uti huo kwa supu. Kisha mlazeni ngozi juu, mkambonyeza kidari kwa kiganja mpaka alale bapa. Kuku aliyelala bapa huiva sawasawa, paja pamoja na kidari. Mfuteni kwa kitambaa safi mpaka kitambaa kisilowe tena, na kitambaa hicho kifuliwe kwa maji ya moto. Kisu, ubao na mikono vioshwe kwa sabuni kabla ya kugusa chakula kingine.

Viungo vyake

Kwa kuku mmoja wa kilo 1 hivi aliyekwisha safishwa, tafuteni:

Chungwa 1 na ndimu 2.
Kitunguu saumu, punje 6.
Chumvi, kijiko 1 na nusu cha chai.
Pilipili manga iliyosagwa, nusu kijiko cha chai.
Samli au mafuta ya nazi, kijiko 1 kikubwa.

Harufu ya chungwa haimo katika maji yake, bali imo katika mafuta ya ganda la nje. Kunja kipande cha ganda karibu na moto wa mshumaa, utaona mafuta hayo yakiruka na kuwaka. Basi lioshe chungwa vizuri, ulimenye ganda la nje jembamba kwa kisu kikali. Ile sehemu nyeupe iliyo chini yake iache, maana ni chungu. Fanya hivyo kwa ndimu moja pia. Wenye mdanzi uani waweza kutumia danzi badala ya chungwa. Harufu yake ni kali zaidi.

Kitunguu saumu hakitoi nguvu yake mpaka kipondwe. Punje nzima haina harufu kubwa. Ukiiponda, harufu yazaliwa papo hapo. Kipondeni katika kinu kidogo pamoja na maganda yaliyokatwa-katwa, pilipili manga, na kijiko 1 cha chumvi. Acheni dakika 10, kisha changanyeni na nusu ya samli.

Pitisheni vidole polepole kati ya ngozi na nyama, kuanzia shingoni, mpaka kidarini na mapajani. Tieni viungo humo ndani, mkivisukuma mbali. Visipakwe juu ya ngozi, kwa sababu kitunguu saumu huungua upesi na kuwa kichungu. Juu ya ngozi nyunyizeni ile nusu kijiko ya chumvi iliyobaki, basi.

Sasa mtundikeni kuku kivulini penye upepo, amefunikwa chandarua chepesi nzi wasimguse. Asizidi saa moja, maana katika nchi ya joto nyama mbichi huharibika upesi. Mwenye jokofu aweza kumweka humo usiku kucha bila kumfunika, katika rafu ya chini kabisa, naye atakuwa mkavu mno. Kabla ya kuoka, mfuteni tena, mkampake samli iliyobaki. Samli yafaa kuliko siagi, kwa kuwa siagi ina maji ndani yake.

Tanuri la debe

Asiye na tanuri asikate tamaa. Chukueni debe la mafuta ya kula, mkate upande wa juu wote, mkalioshe. Debe lililochukua dawa ya wadudu lisitumike kamwe, hata likioshwa mara kumi; wala msitumie bati la kuezekea, kwa kuwa madini yaliyopakwa juu yake hayafai kuwa karibu na chakula. Lilazeni debe ubavu juu ya mafiga matatu, mdomo ukielekea mbele. Katika ukuta wa nyuma, karibu na juu, toboeni matundu manne kwa msumari, mvuke upate njia. Ndani pangeni vijiti vibichi vya mchungwa au mpera, vilivyobanduliwa maganda, ili kuku asilale katika mafuta yake. Mlango utakuwa kile kipande cha debe mlichokikata.

Washeni makaa mpaka yawe mekundu yenye majivu meupe. Sehemu moja iwe chini ya debe, sehemu mbili ziwe juu yake; maana mpishi wa ngozi ni moto wa juu. Kazi hii ifanyike nje, au mahali penye hewa nyingi, kwa kuwa hewa ya makaa katika chumba kilichofungwa huua watu.

Kupima joto, tieni unga kijiko kimoja katika kisahani cha bati, kikae ndani dakika 5. Unga ukibaki mweupe, ongezeni makaa. Ukiwa mweusi, punguzeni. Ukiwa wa kahawia, moto wafaa. Mwenye tanuri la umeme au gesi atumie digrii 200.

Kuoka

Mwingizeni kuku, ngozi juu. Baada ya dakika 25 ongezeni makaa mapya juu. Dakika 15 za mwisho acheni mlango wazi kadiri ya kidole kimoja, mvuke utoke upesi. Kuku wa kilo 1 huiva kwa dakika 40 hadi 50. Mchomeni kwa kisu penye paja nene: maji yatokayo yawe meupe, wala nyama ya karibu na mfupa isiwe mbichi. Mwenye kipimo cha joto na aone digrii 74. Kuku asiyeiva sawasawa huleta ugonjwa wa tumbo, basi msikubali haraka ya wenye njaa.

Akitoka, mwacheni dakika 10 bila kumfunika. Hapa ndipo wengi huharibu kazi yote: humtia katika bakuli lenye kifuniko apate kukaa na moto, na mvuke wake mwenyewe hulowesha ngozi tena. Chandarua kile kile, kilichofuliwa, chatosha.

Wakati huo, changanyeni maji ya nusu chungwa na ya ndimu moja pamoja na mafuta yaliyochuruzika ndani ya debe, mtie chumvi kidogo, mkayachemshe mara moja. Mchuzi huu umiminwe sahanini chini ya nyama, usimwagwe juu ya ngozi. Ni mtamu kwa ugali, kwa muhogo, na kwa mchicha pia.

Akiwa kuku mzee

Mtetea aliyeacha kutaga hafai kuokwa hivi hivi, meno yatachoka. Mchemsheni kwanza kwa moto mdogo pamoja na chumvi na punje chache za kitunguu saumu, saa moja na nusu au mbili, mpaka paja lilegee. Supu yake iwekwe kwa watoto na wagonjwa. Kisha mtoeni, mfuteni, mwacheni mvuke umwishie, mpakeni samli, mkamtie katika tanuri kali dakika 20 tu. Nyama itakuwa laini, na ngozi itakauka vilevile.

Neno la mwisho

Machungwa yaangukayo na kuoza chini ya miti ni mali. Majogoo wasio na kazi bandani ni mali pia. Kitunguu saumu hustawi katika nchi ya baridi, kama milima ya Usambara na nyanda za Mbulu, nacho hufika sokoni penu. Hakuna katika waraka huu kitu cha kuagizwa mbali.

Yule mzee wa Muheza amekwisha anza tena kwa mtetea wake mmoja aliyebaki, na safari hii kuku wake wamechanjwa. Mwezi uliopita aliniita nyumbani kwake, na mkewe akatuandalia jogoo wa miezi mitano aliyeokwa katika debe. Nilisikia ngozi ikivunjika katika meno ya watoto, upande wa pili wa ua. Mzee akaniambia, "Huyu hakungoja sikukuu."

Basi nendeni leo jioni bandani, kuku wakiwa wamelala, mhesabu majogoo wenu. Chagueni mmoja wa mbegu. Wa pili mchinjeni Jumamosi.